Mawimbi Anayoyaacha Fundi

Jumatatu, 4 Machi

Filamu yangu ya wateleza mawimbi haina mwisho, na mwenye ukumbi anaitaka Ijumaa. Nikichelewa, Jumamosi anaonyesha ya Droni. Droni! Mteleza mwenzetu ana kikamera kinachoruka, basi anajiona bingwa wa sinema.

Mwisho wangu unasubiri jibu moja tu. Fundi, mzee anayetengeneza mbao zetu na aliyetufundisha sote kuteleza, kwa nini huacha mawimbi mazuri yapite? Kila siku! Anakaa juu ya ubao wake, anayatazama tu. Nimemwamkia, nikamuuliza. Akaniambia nipige mikono, nisipige domo.

Jumanne, 5 Machi

Nimefunga kamera kwenye pua ya ubao wangu. Nitateleza, nitamnasa Fundi, jibu litapatikana. Dada, ambaye nakaa kwake, kauliza kama nimeijaribu kwanza. Nimemwambia sanaa haijaribiwi jikoni.

Jumatano, 6 Machi

Siku ya siku! Mawimbi kumi na moja! Likija nabonyeza kuwasha, likiisha nabonyeza kuzima. Nimeanguka mara kumi tu. La mwisho limenipita, nimebonyeza kuzima, lililofuata likanizaba kofi, kamba ya mguuni ikakatika. Ubao ukaelea mpaka kwa Fundi. Nimeufuata nikimeza maji ya chumvi. Alikuwa akinong'ona na Droni. Waliponiona, kimya! Wananisema nini hao?

Alhamisi, 7 Machi

Balaa. Kamera ilikuwa imewaka tangu ufukweni. Nilipowasha, nilizima, nilipozima, niliwasha. Wimbi hata moja sina! Nina saa mbili za kusubiri: naparamia ubao, napandisha kaptura, naitukana bahari. Dada kacheka mpaka kashika meza.

Kisha ubao ukafika kwa Fundi, sauti safi kabisa. Droni anamuuliza mbona haendi, wimbi lile ni tamu. Fundi anamwambia wamwachie yule. Yule ni mimi! Ati nisipopata hata moja mwaka huu nitaiacha bahari, na yeye hataki niiache.

Dada akaacha kucheka, akafuta macho. Kasema huo ndio mwisho wa filamu, nisiguse kitu. Yeye anaamini kila kitu. Fundi haachi mawimbi kwa ajili yangu, hayo ni magoti! Mzee ataungamaje magoti mabovu mbele ya Droni?

Jumamosi, 9 Machi

Dada aliipeleka jana kabla sijaamka. Leo ukumbi umejaa. Wamenicheka wee, halafu Fundi aliposema, leso zikatoka. Droni mwenyewe alikuwa anapenga kamasi. Fundi aliinamia viatu vyake. Kisha makofi! Mwenye ukumbi anataka filamu nyingine. Nilijua nina kipaji.

Jumapili, 10 Machi

Nimerudi majini mapema. Filamu ya pili ni mimi peke yangu, mwanzo mpaka mwisho. Fundi ameacha wimbi zuri kuliko yote, nami nimelikosa kidogo tu. Nimempa shikamoo yake, nikamwomba kwa heshima zote asogee pembeni, ananizibia picha.

Amesogea.