Nyama Isiyotaka Meno

Jumanne, 15 Julai

Baridi ya Kitengela leo haina huruma. Nimeshinda dukani na makoti mawili, nikiuzia rangi watu wanaotetemeka.

Mke wangu Seleyian amerudi jioni kutoka kwao Kajiado, hana raha. Baba yake, Mzee Katoo, alitolewa meno yote ya juu mwezi wa tano. Akawekewa ya bandia. Yanamuuma, ameyatia kwenye kikombe na kukifunika. Tangu hapo ni uji na chai tu. Mtu aliyefuga ng'ombe maisha yake yote! Wengine wakila nyama anasema ameshiba, anatoka kwenda kuangalia ndama. Seleyian anasema mshipi wake umetobolewa tundu jipya mara mbili, kwa msumari.

Jumapili Felix alimpelekea mbuzi wa kuchoma. Felix ndiye aliyemwoa Jane, dada mkubwa wa Seleyian. Anakaa Laiser Hill, ana gari kubwa na sauti kubwa. Mzee hakugusa. Mbuzi akaliwa na Felix.

Nilifurahi. Naandika hapa kwa sababu hapa hakuna anayesoma.

Sababu ni hii. Mwezi ujao wageni wanatoka Loitokitok kuja kumposa mdogo wao wa mwisho. Mzee hana mtoto wa kiume. Atachagua mkwe mmoja asimame kuwakaribisha wageni mbele ya wazee. Jane anasema Felix ameshapimwa suti. Suti!

Nikapata wazo palepale. Nyama ya ng'ombe iliyopikwa polepole, masaa na masaa, mpaka inakatika kwa kijiko. Nyama isiyotaka meno! Nikamwambia Seleyian amwalike Baba Jumamosi, nitapika mwenyewe. Akaniuliza nimejua kupika tangu lini. Nikasema nilifundishwa na dereva wa lori nilipofanya kazi Namanga. Ni kweli nilikaa Namanga miezi minane. Nilikula hotelini kila siku.

Kisha akampigia baba yake.

Jumatano, 16 Julai

Nimenunua steki. Kipande chekundu, kizuri, hakina mfupa wala mafuta. Muuza nyama aliuliza ni ya nini. Nikamwambia ni siri ya familia.

Jioni, kabla Seleyian hajatoka kazini, nikafanya jaribio. Maji kidogo, moto mwingi, ili tumalize mapema. Baada ya saa moja nikajaribu kukata. Kisu kilikataa. Nikaongeza moto. Maji yakaisha. Moshi ukajaa mpaka jirani yetu Kaluki akaja mbio na ndoo.

Kaluki amepikia shule ya bweni miaka ishirini. Aliitazama ile nyama, akaigonga kwa kijiko. Ikalia. Akasema steki ni ya kupitishwa motoni dakika chache. Ya kupika polepole ni bega, lenye mafuta na mishipa, na moto mdogo, na subira. Mimi na subira hatujazoeana. Akauliza ni nani atakayekula. Nikamweleza habari za Mzee. Akaweka ndoo chini.

Seleyian aliporudi alisema nyumba inanuka mpira. Nikasema kuna watu wanachoma taka.

Alhamisi, 17 Julai

Felix amepiga simu! Jane amemwambia kila kitu. Naye atakuja Jumamosi, na ataleta mbavu za mbuzi achome, ili Mzee asirudi nyumbani na njaa. Nilicheka kwa adabu.

Kisha nikatumia akili. Nikamwambia chakula ni saa tisa, ilhali ni saa saba. Atakapofika, Mzee atakuwa ameshiba, ananishika mkono. Felix akashukuru. Niliifurahia kazi yangu kwa muda wa chai moja.

Seleyian akasema Felix ndiye atakayemleta Baba kutoka Kajiado na gari lake.

Nikampigia tena Felix haraka. Nikasema nilikosea, ni saa sita. Kwa nini nilisema saa sita? Sijui. Mdomo ulitangulia. Felix akasema atafika saa tano na nusu, maana anachukia kuchelewa.

Ijumaa, 18 Julai

Bega, kilo tatu. Lina mafuta, lina mishipa, halina sura.

Shida ni oveni. Yetu ilikufa mwaka jana. Mwezi wa pili nilimwambia Seleyian nimeitengeneza. Sikuitengeneza. Anaweka vifuniko humo, hajawahi kuiwasha. Kaluki ana oveni nzuri ya stima. Nikampendekezea apike kwake, mimi nichukue kupitia pengo la ua kati yetu, nimefunika na taulo.

Alikataa. Alisema yeye hapiki uongo. Nyumba atanifungulia, oveni atanionyesha, lakini nitapika mimi. Nilidhani atalegea. Hakulegea! Nimepaka chumvi, kitunguu saumu na pilipili manga kwa mikono yangu. Nimekata vitunguu mpaka nikalia kama aliyefiwa. Nimekaanga kila upande mpaka ukawa kahawia.

Nilipokuwa naaga mlangoni, akanipa ufunguo. Kesho ana harusi Tuala. Atarudi mchana umeenda.

Nitakuwa peke yangu na oveni.

Jumamosi, 19 Julai

Naandika jioni. Mikono yangu bado inanuka makaa.

Saa mbili asubuhi nyama iliingia kwenye oveni ya Kaluki, ndani ya sufuria nzito, na karoti na vitunguu na maji kidogo, imefunikwa. Kaluki akaenda zake harusini. Nikarudi kwetu, nikafunga mlango wa jikoni kwa ufunguo. Nikamwambia Seleyian asiguse, mvuke utatoroka. Jikoni hakukuwa na kitu.

Saa nne kasoro robo, stima ikapotea.

Mtaa mzima! Nikampigia Kaluki. Nyuma yake watu wanapiga vigelegele. Akasema niwashe makaa, nibandike sufuria kwenye jiko, makaa mengine niyaweke juu ya kifuniko. Nisifunuefunue. Moto mdogo, akasema. Moto mdogo, Baba Kui, unanisikia? Kui ni binti yetu, yuko bweni. Nilishukuru Mungu kwamba hayuko hapa kuniona.

Makaa ya Kaluki yalikuwa na unyevu. Nikabeba yetu ndani ya koti, kupitia pengo la ua.

Saa tano na nusu kamili, honi.

Mzee Katoo alishuka polepole, shuka juu ya koti, koti juu ya sweta. Kweli amekwisha. Suruali ilishikwa na mshipi, na mshipi ulikuwa na mkia mrefu unaoning'inia. Nikamsalimu kwa Kimaasai, “Supa, Baba.” Akaitika, “Ipa,” midomo karibu imefungwa. Nikamkalisha kwenye jua. Akasema mapema kabisa, kabla hajaulizwa, kwamba hana njaa.

Felix alishusha mbavu. Makaa yote yaliyobaki kwenye gunia langu akayamwaga kwenye jiko la kuchomea. Makaa yangu!

Nilikuwa natoroka kila dakika kumi. Nikasema naenda kuangalia tangi. Nikasema naenda kuangalia tena tangi. Saa sita nikafunua kidogo, nikadunga uma. Ngumu. Saa sita na nusu, ngumu. Makaa yalikuwa yanakwisha na upande wa pili harufu ya mbuzi ilikuwa imeshavuka ua. Nilipiga magoti nikapuliza. Moshi ukaingia machoni. Nikasikia miguu nyuma yangu.

“Baba Kui,” Seleyian akasema. “Unafanya nini kwa nyumba ya watu?”

“Napika.”

“Na kule jikoni umefunga nini?”

“Hakuna kitu.”

Nilijaribu kutafuta uongo mwingine, na kwa mara ya kwanza sikupata hata mmoja.

“Oveni haikutengenezwa,” nikasema. “Na sijui kupika. Hakuna dereva wa lori. Na nyama imekataa kuiva.”

Nilidhani atanifokea. Alitazama ile sufuria. Akafungua leso kiunoni, akaikunja mara mbili, akachuchumaa.

“Songa,” akasema. “Unapuliza vibaya.”

Akapepea yeye. Akaniambia nikatafute vijiti vikavu, nikatafuta. Mara moja tu alisema, bila kuniangalia, kwamba wiki iliyopita alimkuta baba yake nyuma ya boma ananyonya kipande cha nyama, kisha anampa mbwa. Hakujua anaonekana.

Saa saba Felix akatuita. Mbavu zilikuwa tayari. Alichagua ubavu mmoja, akaukata vizuri, akampa Mzee kwa mikono miwili. “Kula, Baba. Hii ni laini kama mkate.” Sote tukawa tunatazama. Hilo ndilo lilikuwa kosa, sote kutazama. Mzee akautia mdomoni. Taya likaenda, likarudi, likaenda. Jasho lilimtoka kwenye paji la uso, na baridi ile. Kisha akatoa leso mfukoni, akageukia ukuta, akatoa kile kipande, akakifunga ndani ya leso na kukirudisha mfukoni.

“Nimeshiba,” akasema.

Felix akabaki na kisu mkononi. Hakuwa na sauti hata kidogo. Tangu Jumanne nilikuwa nasubiri kumwona Felix hivi. Sijui kwa nini haikunifurahisha.

Mzee akauliza kama gari liko tayari. Alitaka kurudi kwa ng'ombe wake. Seleyian akasema, “Baba, ngoja.” Akasema hawezi kungoja, baridi inazidi. Akasimama. Nikasema, “Baba, nusu saa tu.” Akakaa, lakini kwenye ukingo wa kiti, fimbo mkononi.

Haikuwa nusu saa. Ilikuwa saa moja na nusu! Kila nilipopita aliitazama njia ya gari. Nilimpa chai, ikaisha. Nikampa nyingine. Nikamweleza bei ya vigae mpaka mimi mwenyewe nikachoka.

Saa tisa kasoro nikadunga uma. Uma ukazama. Nikauzungusha kidogo na nyama ikaachana yenyewe, nyuzi nyuzi, mchuzi mzito ukatiririka. Seleyian alinishika bega, akalibana mpaka likauma.

Tulipakua kwenye bakuli, na waru, viazi vilivyopondwa, na kijiko. Nikamwekea Mzee. Halafu nikamwambia Felix gurudumu lake la nyuma limepungua upepo, twende tukaangalie. Halikuwa limepungua. Naapa nilitaka tu Mzee asitazamwe. Na pia sikutaka Felix awepo pale akisifiwa kwa nyama yangu. Yote mawili ni kweli.

Tulichuchumaa kwenye gurudumu muda mrefu. Felix alisema hana hakika limepungua. Nikasema mimi nina hakika.

“Kahiga!” Mzee akaniita kwa jina langu.

Nikakimbia. Bakuli lilikuwa tupu. Mchuzi ulikuwa kwenye ndevu.

“Kuna ingine?” Mzee akauliza.

Alikula mabakuli matatu. Kufika la tatu alivua shuka, akafungua kifungo cha koti. “Sidai,” akasema, “sidai oleng.” Hata mimi najua hiyo ni nzuri sana. Seleyian aliingia ndani, akasema anaenda kutafuta chumvi. Chumvi ilikuwa mezani.

Kisha Mzee akauliza ni nani amepika.

Seleyian alikuwa amesimama mlangoni, macho mekundu, ananitazama. Njia ilikuwa wazi. Ningesema Kaluki alinifundisha, mke wangu akapepea. Maneno machache tu.

“Mimi, Baba,” nikasema. “Peke yangu. Nilifundishwa na dereva wa lori, Namanga.”

“Dereva gani?”

“Alikuwa... mrefu.”

“Nimeuza ng'ombe Namanga miaka thelathini,” Mzee akasema. “Madereva wote nawajua. Hakuna hata mmoja anayeweza kuchemsha yai.”

Saa hiyo hiyo kichwa cha Kaluki kikatokea kwenye pengo la ua, na kilemba cha harusini. “Baba Kui! Lile bega liliiva?”

Mzee alianza kucheka taratibu, kifuani. Kikaja kicheko kizima, akaegemea nyuma, mdomo wazi, ufizi wote nje, na hakuuziba kwa mkono. Seleyian akacheka akilia. Felix akacheka kwa sauti yake ile. Mimi nikaangalia tangi.

Jumapili, 20 Julai

Mzee amepiga kabla ya ibada. Amemaliza mabaki tuliyomfungia, ameyala asubuhi yakiwa baridi, mbele ya watu wote. Akaomba kuongea na mimi. Nikasimama wima, kana kwamba ananiona.

Atakayewakaribisha wageni ni Felix. Alisema Felix hawezi kudanganya hata akijaribu, na siku ya posa anahitaji mtu wa namna hiyo mbele.

Kazi yangu ni kupika. Bega, vilevile. Watu arobaini.

Nikasema ni heshima kubwa. Nikakaa kwenye ngazi. Seleyian alitoka, akaniuliza Baba amesemaje, nikamwambia. Alishika ukuta kwa kucheka. Baadaye akaja akaketi karibu yangu, akasema tutapika wawili, na kwamba ningesema kweli tangu mwanzo mambo yangu yangekuwa mepesi. Nikamwahidi. Nilimaanisha kabisa.

Jumatatu, 21 Julai

Felix amepiga dukani. Sauti ndogo, sijawahi kuisikia. Wazee wa Loitokitok lazima wasalimiwe kwa Kimaasai, yeye ni mtu wa Busia, na anaona haya kumuuliza Mzee. Je, namjua mtu wa kumsaidia?

Namjua. Nimelala naye kitanda kimoja miaka kumi na minne. Seleyian angemfundisha kwa jioni mbili.

Nikamwambia Felix asisumbue mtu. Nitamwandikia hotuba nzima mwenyewe, kurasa mbili, aikariri neno kwa neno. Alinishukuru sana, akaniita ndugu.

Najua maneno manne ya Kimaasai. Moja nadhani ni la ndama.

Nimeshaandika ukurasa wa kwanza.