Ng'ombe Niliyemgawa Kwenye Umuganda

Waliokuwepo ni hawa, nawataja mapema ili kesho asitokee mtu akasema alihadithiwa: Mama Solange, mkuu wa mudugudu, yaani mtaa wetu. Hadidja, fundi cherehani mwenzangu, tunayegawana kibaraza. Bosco wa Burundi, anayeuza mkaa na kutoa maoni bure. Mzee Gatera. Na wakazi wote wa vichochoro vyetu vya Biryogo, na majembe yao, maana ilikuwa Jumamosi ya umuganda, kazi ya pamoja ya kila mwezi, na hakuna aliyebaki ndani.

Mimi Rukia nilikuwepo pia. Kwa bahati mbaya.

Hao wote leo wameniona nimesimama naomba nirudishiwe ng'ombe niliyempa mzee wa watu. Hapa kwetu unaweza kuomba urudishiwe sufuria, ngazi, hata mume. Ng'ombe, hapana.

Nianze mwanzo.

Mdogo wangu wa mwisho, Shamsa, yuko shule ya bweni. Ana mashine ya mchezo, ile ya kushika mikononi, na ndani yake mna mchezo wa kukamata viumbe: unawasaka porini, unawafuga, unawapiganisha. Toleo lake ni la zamani, linaitwa Mlima. Shuleni mashine haziruhusiwi, kwa hiyo huniachia mimi pamoja na agizo moja. "Ichaji kila Jumapili, na usimguse Dada."

Dada ni ndama. Mnene, rangi ya zambarau, macho kama vitumbua. Shamsa alimkamata akiwa na miaka minane. Mwaka huo tulikuwa tumebaki watatu bila wazazi, na mkubwa nilikuwa mimi, miaka kumi na saba. Niliacha shule. Nikauza kabati la mama ili wale wawili warudi darasani, na sikumwuliza mtu. Yusufu, ndugu yetu wa kati, na Shamsa walilia siku mbili. Siku ya tatu nikawaapia: kitu cha nyumba hii hakitatoka tena mlangoni bila kuulizana.

Wiki hiyohiyo ndama akapewa jina la Dada. Sikuuliza kwa nini. (Unene ule ulinitosha.)

Kiapo nimekishika miaka sita. Mpaka leo, saa tano na robo.

Shamsa alikuwa anarudi likizo leo alasiri. Nilitaka akute zawadi. Mihula miwili amekuwa akiniandikia kuhusu taa ya vilindini, ambayo ukiwa nayo unaingia kwenye mapango ya chini ya maji. Taa hiyo haipatikani Mlima. Inapatikana kwenye toleo jipya, linaloitwa Ziwa. Na Biryogo nzima mwenye Ziwa ninayemjua ni mmoja tu: Mzee Gatera.

Mzee Gatera alikulia Uganda akichunga ng'ombe, akaja hapa akawanunua na kuwauza mpaka magoti yakagoma. Sasa ni mgane, anakaa peke yake. Wajukuu wake walipohamia Rebero walisahau mashine kwenye kochi lake. Mzee akaiwasha kutafuta saa, akakuta humo ndani mna wanyama wenye pembe. Basi. Leo ana arobaini na mmoja, wote wa pembe. Ndege na samaki akiwakamata huwaachia waende zao, huku akiwaomba radhi.

Kilichokuwa kinamkosesha raha ni kengele ya shaba, ya kumvisha fahali wake anayeongoza kundi. Kengele hiyo haipatikani Ziwa. Inapatikana Mlima, na Shamsa alikuwa nayo moja kwenye begi lake la mchezoni.

Mnaona jinsi mambo yalivyokuwa yamenyooka.

Sasa, vitu vya mchezo mmoja haviruki vyenyewe kwenda mchezo mwingine. Lazima kiumbe avibebe. Unamshikisha kitu, unaunganisha mashine mbili kwa waya, kiumbe wako anakwenda, wa mwenzako anakuja. Kila mtu anavua mzigo wake, kisha mnarudishiana wabebaji. Yusufu alinieleza hivyo kwa simu kutoka kazini kwake Kagugu. Pia alisema, "Dada, nisubiri jioni nije nifanye mimi." Nikamwambia mimi nashona magauni ya harusi, waya utanishinda?

Waya wenyewe ni mfupi kama mkono. Kwa hiyo baada ya kuchimba mtaro, watu walipoketi kwenye nyasi kwa mkutano, mimi sikukaa na wanawake. Nilikaa ubavuni mwa Mzee Gatera, mbele kabisa, tumeunganishwa.

"Yewe Rukia!" Hadidja akaniita kwa nyuma. "Mzee amekufunga kamba?"

"Nyamaza, tuna kazi."

"Naona. Kazi ya kamba."

Nikafungua orodha ya Shamsa. Ziwa halitambui viumbe wote wa zamani. Wasiotambulika majina yao yamefifia. Waliobaki wanawaka walikuwa wawili tu. Samaki, na Dada.

Agizo nililikumbuka, naomba mliandike hilo. Lakini samaki hana mikono. Atashika kengele kwa kitu gani? Dada naye hana mikono, ila ana shingo, na kengele ni kitu cha shingoni. Nikaona ni jambo la dakika mbili, kwenda na kurudi, hata Shamsa hatajua. (Mtu aliyeacha shule mapema huwa na mantiki yake, na huiamini sana.)

"Mzee, tumekubaliana? Tukishavua vitu, tunarudishiana."

"Ego, ego," akasema Mzee. "Mimi nakutumia hii ndege, nimeikamata ya kubeba tu. Taa iko kwa mguu."

Tukabonyeza. Kwangu akaingia ndege mdogo, mchafu, ana taa mguuni. Kwa Mzee akaingia Dada na kengele shingoni. Kisha kioo cha Mzee kikawa cheupe. Yakatokea maandishi marefu ya Kiingereza. Mzee akanigeukia. Kwa Kiingereza kirefu mimi nina kanuni moja.

"Bonyeza ndiyo."

Akabonyeza. Dada akatetemeka. Akavimba. Kengele ikayeyuka ikaingia mwilini mwake. Zikachomoza pembe! Zikaendelea kuchomoza! Weupe ulipoondoka, pale palikuwa na ng'ombe mkubwa mwenye pembe ndefu kupita kioo, kiasi kwamba ncha zake hazikuonekana.

Mzee Gatera akaisogeza mashine karibu na pua. Kisha mtu huyo, ambaye kwa mwezi mzima sijamwona akiinuka bila kushikwa mkono, akasimama wima kama mlingoti. Waya ukachomoka.

"Wakazi! Nyamazeni!"

Mama Solange alikuwa katikati ya habari za mtaro. Akanyamaza.

"Huyu binti," Mzee akasema, "huyu Rukia, mimi nimempa ndege tu. Yeye amenipa ng'ombe! Iko na pembe hivi!" Akainua mikono juu na kuitanua, kama tunavyocheza harusini.

Waliokaa nyuma hawakuona mashine yoyote. Walisikia neno ng'ombe. Wakapiga makofi. Wanawake wakapiga vigelegele, na wa kwanza alikuwa Hadidja, ambaye anajua kabisa kwamba sina hata kuku.

Nikamvuta Mzee koti. "Mzee, tulisema tunarudishiana."

"Ndege nakurudishia nini, iko kwako."

"Si ndege. Ng'ombe."

Akanitazama kama mtu niliyemtukania mama. "Binti. Ng'ombe hairudishwi." Akazima mashine, akaitia mfuko wa ndani wa koti, akafunga kifungo.

Mkutano ukaendelea. Mnajua mtu aliyepewa ng'ombe huapa kwa jina la aliyempa. Mzee hakuchelewa.

"Kwa Rukia aliyenipa ng'ombe, huu mtaro utapita kwa upande wa juu!"

Makofi.

"Kwa Rukia aliyenipa ng'ombe, taa za kichochoro zitengenezwe!"

Makofi zaidi. Mimi niko chini, nahesabu saa. Saa sita kasoro. Shamsa yuko njiani, na kwa mara ya pili katika maisha yetu kitu cha nyumbani kimetoka mlangoni bila kuulizana. Safari hii hata karo hakijalipa.

Mama Solange akafika mwisho. "Kuna mwenye mengineyo?"

Hadidja akanipiga kiwiko. "Sema sasa, au unyamaze ukamweleze mtoto."

Nikainua mkono. Nikasimama. Nilikuwa nimepanga maneno mazuri. Yaliyotoka ni haya:

"Naomba ng'ombe wangu arudi."

Nilimsikia mtu akiacha kutafuna.

"Mana yanjye," mama mmoja akamwita Mungu wake kwa masikitiko. "Hata saa moja haijapita."

Bosco akanyoosha mkono. "Mimi nauliza tu. Ng'ombe huyo analala wapi? Mbuzi wangu nilikatazwa kumweka hapa."

Mama Solange akafungua daftari. "Ni kweli. Rukia, unafuga ng'ombe ndani ya mudugudu?"

"Hapana."

"Umempa mzee ng'ombe usiyemfuga?"

"Ni wa Shamsa."

"Mtoto wa shule anafuga ng'ombe?"

Ikabidi Mzee afungue kifungo, atoe mashine, aiwashe. Ikapita mkono kwa mkono. Watu walimkagua ng'ombe yule kama wako mnadani. Mmoja akasema kwato ni nzuri. Bosco akasema zambarau si rangi ya ng'ombe wa maziwa, yeye asingemchukua hata bure.

"Kumbe ni mchezo!" Mama Solange akafunga daftari. "Rukia, mwachie mzee furaha yake. Keti."

Hapo ningeweza kuketi. Mtu mwenye akili angeketi.

"Siwezi," nikasema. "Kitu cha nyumbani kwetu hakitoki bila kuulizana, na mimi sikumwuliza Shamsa. Anafika leo. Atamtafuta Dada."

"Dada ndiye nani?" akauliza Mzee.

"Huyo ng'ombe."

"Kwa nini iko na jina la Dada?"

Mudugudu mzima unasubiri. Upepo nao ulikuwa umetulia, ili kila mtu asikie vizuri.

"Kwa sababu Dada ni mimi. Ni jina langu. Mnirudishie mimi."

Jamani! Bosco alilala chini kabisa, akapigapiga nyasi. "Mzee Gatera, hongera! Umeoa kwa ndege mmoja!" Vigelegele vikaanza upya. Mama Solange aliweka daftari usoni, lakini mabega yalimsaliti. Hadidja alilia machozi, akajifuta kwa kitenge changu.

Ni Mzee peke yake ambaye hakucheka. Alimtazama ng'ombe kwa muda, akapitisha kidole juu ya pembe. Kisha akachukua waya mwenyewe.

"Yatima haporwi," akasema. "Lete ndege yangu."

Tukabonyeza. Dada akarudi. Nikataka kulala kifudifudi pale nimshukuru, lakini Mzee alikuwa hajamaliza. Alijua sheria zake vizuri kuliko mimi ninavyojua kupima kiuno.

"Wakazi, mmeona. Ng'ombe ilikuwa yangu. Sasa ni mimi nimempa Rukia ng'ombe. Si ndiyo?"

"Ndiyo!" wakajibu wote. Wasaliti.

"Na aliyepewa ng'ombe anafanya nini?"

"Anarudisha ndama wa kwanza!"

"Ndama ya kwanza ni yangu. Humu wanataga mayai, najua, ni aibu yao. Hata yai napokea."

Mama Solange akaliandika kwenye daftari, chini ya mtaro.

Shamsa alifika saa tisa na nusu. Alikuwa ameshajua yote. Hadidja alimngoja kwenye kona. Akatua begi, akakaa kitandani, akawasha mashine. Mimi nilisimama mlangoni kama mteja aliyeleta nguo ya kubana.

Alimtazama yule mwenye pembe kwa muda mrefu.

"Miaka sita nilikuwa namkatalia kukua," akasema. "Kila akitaka kubadilika, nabonyeza hapana."

"Sikukuuliza. Nisamehe."

"Hukuniuliza." Akageuza kioo nikione. "Angalia macho. Ndivyo unavyokuwa mteja akisema gauni limepwaya."

Nikapumua kwa mara ya kwanza tangu saa tano.

"Na taa yangu iko wapi?"

Taa. Taa ilikuwa mguuni mwa ndege. Ndege nilimrudisha kwa haraka. Sikumvua.

Kwa hiyo hesabu ya leo ni hii: kengele imeliwa, taa imerudi kwa Mzee, na mimi nina pembe. Nikamweleza Shamsa pia habari ya ndama. Nilitegemea atakasirika. Alifikiri kidogo, akakunja miguu.

"Ndama? Dada hajaolewa. Mzee amlete huyo fahali wake tumwone tabia. Na waje kuposa kwa heshima."

Ujumbe huo alikabidhiwa Hadidja, maana yake ulifika kabla hajavaa viatu. Jibu likarudi: Mzee amekubali. Kesho saa nane anakuja na wazee wawili na koti jipya. Bosco amejitolea kuwa msemaji wa upande wa fahali.

Ndama, basi, bado nadaiwa. Wanaotaka kucheka wacheke usiku huu wamalize, maana kesho natakiwa kukaa mkekani na uso mzito, kama ndugu wa bibi harusi.