Nguzo ya Muziki, Miaka Sabini Kamili

Jumanne, 4 Novemba

Seshadri kapewa cheo cha nne! Nimeliona bango lake asubuhi hii kwenye kona ya hekalu, hapa mtaani kwetu Mylapore. Jina lake limesukumwa hadi mstari wa nne: Simba wa Raga, Bahari ya Sauti, Johari ya Mylapore, na sasa Mfalme wa Midundo. Bango langu linasema "Kothandaraman, Muimbaji". Basi. Kama fundi bomba.

Tulisoma kwa mwalimu mmoja, tukachapwa kwa fimbo moja. Yeye ana miaka sitini na miwili, mimi hamsini na minane, na kwenye sauti za juu namshinda kwa mbali. (Alamelu, mke wangu, anasema si kwa mbali.) Nilichonacho ni nafasi yangu ya jioni ya ufunguzi wa msimu wa muziki, tarehe 13 Desemba. Nilianza saa saba mchana, nikiwaimbia watu waliokuja kulala chini ya feni. Kupanda hadi saa kumi na mbili na nusu jioni kumenichukua miaka ishirini na miwili.

Mchana nikaenda kwa Natesan, katibu wa chama cha muziki. Hana raha. Tuzo yao kubwa, Nguzo ya Muziki, ni ya muimbaji aliyetimiza miaka sabini, na mwaka huu hampati. Mmoja kafa, mmoja kahamia kwa binti yake Amerika, na wa tatu, yeye na Natesan hawasalimiani. Nikausikia mdomo wangu ukisema kwamba nilitimiza sabini mwezi uliopita.

Nilitegemea abishe kidogo. Akasema alikuwa anahisi hivyo.

Nimerudi nyumbani nina furaha na nimeumia. Sielewi kipi kimezidi.

Jumamosi, 8 Novemba

Nimeacha kupaka nywele rangi. Nimepata na bakora. Tatizo ni kwamba jana nilichechemea mguu wa kulia, leo wa kushoto, na mama muuza maua akaniuliza kama ugonjwa wangu unahamahama. Kesho nitafunga uzi kwenye kidole gumba cha mguu husika.

Alhamisi, 20 Novemba

Nimepewa! Barua ilifika Jumatatu, mwandishi akaja Jumanne, gazeti limetoka leo. Aliniuliza nilipanda jukwaani mara ya kwanza mwaka gani. Nikapiga hesabu harakaharaka, nikamtajia. Sasa ndiyo nagundua kwamba mwaka huo wazazi wangu walikuwa hawajaoana. Gazeti limeandika "kipaji cha kuzaliwa nacho".

Dada Rukku kapiga simu kutoka Kumbakonam. Ana miaka sitini na mitatu, na alinibeba mgongoni. Anataka kujua, kama mdogo wake ana sabini, yeye ana ngapi? Nikamwambia sabini na tano, kwa uchache. Akakata simu.

Alamelu ndiye nisiyemwelewa kabisa. Kwetu mume akitimiza sitini humwoa mkewe upya, mbele ya ukoo mzima. Bado miaka miwili, na sari ameshaichagua: kijani cha kasuku, ukingo mwekundu. Sasa shangazi zake wanapiga simu kuuliza mbona hawakualikwa miaka kumi iliyopita.

"Umeniibia harusi, bwana wee!" kaniambia, na machozi yalikuwa ya kweli. Nikamwambia si neno, tutafanya sherehe ya sabini. Akasema huyo babu wa sabini akatafute bibi wa saizi yake. Mchuzi wa dengu leo haukuwa na chumvi hata chembe.

Jumapili, 30 Novemba

Ratiba imechapishwa. Picha yangu imejaa ukurasa! Nguzo ya Muziki! Nikafungua tarehe 13, saa kumi na mbili na nusu. Seshadri. Nikageuza karatasi, nikaigeuza tena. Seshadri!

Nikakimbia kwa Natesan. Nikakumbuka bakora njiani, nikarudi kuichukua. Akanikalisha, akanieleza polepole na kwa sauti kubwa, maana anadhani sisikii vizuri. Mwenye Nguzo haimbi tena, anapumzishwa kwa heshima. Kazi yangu ni kukaa mstari wa mbele msimu mzima, kuanzia saa mbili asubuhi, na kuwavisha waimbaji wengine shali za heshima.

Nikamwambia bado nina nguvu za kijana. "Wazee wangu wote husema hivyohivyo," akajibu, akanipigapiga mkono.

Ningesema ukweli pale pale. Lakini nikisema, cheo kinaondoka. Nisiposema, nafasi inaondoka. Nikafikiri sana ninataka kipi. Ninataka vyote viwili. Kwa hiyo nikachukua bakora yangu, nikaaga.

Jumamosi, 13 Desemba

Ukumbi ulijaa hadi ngazini. Nimevishwa shali la zari, nimesomewa sifa, nyingi sikuzitambua. Kisha Seshadri akapanda jukwaani. Tumeoga mto mmoja. Anajua umri wangu hadi siku. Akajilaza kifudifudi mbele ya watu mia sita, akanishika miguu yote miwili.

"Shikamoo, kaka mkubwa!"

Ukumbi ukalipuka kwa makofi, kwa unyenyekevu wake. Ningefanyaje? Nikasema marahaba. Nikainama kumwinua, mgongo ukalia ta! Huko chini alikuwa anacheka.

Halafu akaketi, akaanza raga ileile, mahadhi ninayoyafanyia mazoezi tangu Machi. Aliimba vizuri. Naandika hapa kwa sababu hakuna atakayesoma: aliimba vizuri sana, na mimi nikalia kama mtoto, mikono ikipiga mapigo gotini. Mpiga picha akanipiga. Katibu akamnong'oneza kwamba ni machozi ya furaha.

Jumapili, 14 Desemba

Alamelu ameongea, mara ya kwanza tangu siku ile ya gazeti. Kasema nichukue cheti changu cha kuzaliwa, nimpelekee Natesan, nirudishe shali na nikaombe nafasi yangu ya mwakani. "Urudi nyumbani una miaka hamsini na minane, mwenzangu, nikupikie chapati za dosa." Maneno ya busara. Nikakubali. Nikatia cheti mfukoni, nikatoka.

Nikapita mkahawani kwanza, kujipa moyo. Nani yupo? Katibu wa chama cha Tiruchirappalli, ambako ninaimba Januari. Ndiyo jioni pekee iliyonibakia. Akanipongeza, akataja tuzo yao wenyewe: picha ya mafuta ukutani, na cheo kirefu cha mistari minne. Minne! Seshadri ana mitatu tu. Ila ni ya waimbaji waliofikisha themanini.

Akanitazama, akasema najitunza vizuri mno. Nikaikamata bakora kwa mikono yote miwili na kukohoa kidogo.

Cheti bado kiko mfukoni. Kwa Natesan nitakwenda siku nyingine. Kwani miaka kumi ni kitu gani? Kumi na miwili nimeimaliza kwa wiki sita.