Dakika Nane za Kuchimba Maji

Idara ya Uhalisi wa Hadithi za Wenyeji ilitangaza kwa fahari kubwa kwamba kuanzia Jumatatu hakuna filamu ya Wawarlpiri, wenyeji wa jangwa la Australia, itakayohesabiwa kuwa ya Wawarlpiri mpaka Idara iithibitishe kwa muhuri. Pingamizi lolote la Idara litatolewa kwa mdomo, uso kwa uso na mwenye hadithi, la sivyo ni batili. Sheria safi kabisa. Mkurugenzi mwenyewe, Bwana Threadgold, aliiandika mjini, penye kiyoyozi.

Valda Nakamarra, mtengeneza filamu, hakuwa na neno na sheria. Roho yake ilikuwa kwenye dakika nane. Katika filamu yake mama yake, Napanangka, ambaye ndiye mwenye hadithi, anachimba mchanga pale walipokunywa bibi zake, na kwa dakika nane hasemi kitu. Anachimba, anahema, maji yanakuja. Valda aliipenda sehemu hiyo kuliko kazi yoyote aliyowahi kufanya.

Mkurugenzi alifika na gari jeupe, akaitazama filamu, akaguna.

"Dakika nane bila taarifa! Mtazamaji anaachwa yatima. Tutaweka sauti ya mtaalamu hapo."

"Mtaalamu gani?"

"Sipendi kujitaja."

Bila muhuri, hakuna shule hata moja ya jangwani itakayoruhusiwa kuionyesha.

Lakini waraka wa Idara ulimtaka Mkurugenzi ajumuike na jamii kwanza, kwa hiyo alidai jina la ukoo. Aliambiwa asubiri wazee wakae. Akasema ratiba hairuhusu, akajichagulia: Japaljarri, kwa kuwa nahodha wa timu ya mpira ni Japaljarri na hushangiliwa sana.

"Hilo hilo?" Valda aliuliza polepole.

"Hilo hilo, pamoja na haki zake na wajibu wake wote. Andika."

Valda aliandika. Mkurugenzi akaligongea jina hilo muhuri.

Asubuhi yake kikao cha kuithibitisha filamu kilifunguliwa ukumbini. Napanangka alipotokea mlangoni, nahodha, jitu la kilo mia, alitoka kwa dirisha bila kuaga.

"Huyu vipi?" Mkurugenzi aliuliza.

"Anamkimbia mama mkwe. Akina Japaljarri huoa akina Nakamarra kama mimi, kwa hiyo wote ni wakwe wa mama. Mkwe hamtazami, haongei naye, hakai naye chumba kimoja."

"Utaratibu wa kupendeza sana."

"Na wewe ni Japaljarri."

Napanangka alikuwa ameshajifunika uso kwa kitambaa. "Nakamarra, mwanangu, ni mkwe gani huyu asiye na haya?"

Mkurugenzi alipita dirisha lile lile. Akiwa nyuma ya tangi la maji, alipaza sauti kwamba ana pingamizi.

"Uso kwa uso na mwenye hadithi," Valda alimsomea kifungu, "la sivyo ni batili. Halafu kuna wajibu, bwana. Mkwe humletea mama mkwe nyama. Nahodha huleta mkia wa kangaruu kila Ijumaa."

Filamu ilipata muhuri kabla ya chakula cha mchana, dakika nane zote. Valda alicheka mpaka akalia.

Ijumaa gari jeupe lilirudi. Mkurugenzi alimkabidhi Valda mikia miwili huku amegeukia ukuta. Ripoti yake ilisema lengo la ujumuishwaji limevukwa.

Napanangka alitoa mkia majivuni, akaula, akalamba vidole.

"Mkwe mwema huyu, haongei," alisema. "Waambie huko Idarani walete wengine. Bado nina mabinti wanne, hawajaolewa na serikali."