Ngome Chini ya Kitanda

Jumatatu, 3 Juni
Daktari kamwambia binti yangu kuwa moyo wangu umechoka. Alinong'ona, lakini masikio yangu bado mazima. Basi naandika humu, nikifa wajue: mambo ya intaneti yalikuwa ya kwangu.
Chanzo ni mkwe wangu. Nywila ya nyumba anayo yeye. Mimi, niliyezeeka nikifundisha mitandao chuoni, naomba nywila kwa muuza magodoro! Na Alhamisi binti yangu ana usaili wa kazi kwa video. Mwaka mzima anatafuta kazi. Mkwe naye anatazama mpira kutwa kwa intaneti hiyo hiyo.
Nitajenga ngome. Chini ya kitanda ninayo kompyuta ya Linux, inayoweza kubeba ndani yake kompyuta pepe, zile za programu tupu zisizo na chuma. Moja nitaifanya bawabu: usaili upite, mpira usubiri.

Jumanne, 4 Juni
Muuguzi anayeniangalia hapa nyumbani kanikuta sakafuni, kichwa uvunguni. Akauliza nimeanguka au nimehamia. Nikamwomba achomoe mashine ya oksijeni inayonisaidia kupumua, nipate tundu la umeme. Alivyonitazama, nikaomba maji badala yake. Baadaye akaleta waya wa kuongezea, wenye matundu matatu: oksijeni, feni, ngome.
Jioni ngome imesimama. Waya unaoleta intaneti nyumbani nimeupitishia uvunguni kwanza, nywila haihitajiki. Intaneti yote inapita chini ya mgongo wangu. Mkwe akaja kulalamika kwamba mpira unakwama kila wakikaribia goli. Nikamwambia pole, baba, huenda ni mawingu. Nimelala kama mtoto.

Jumatano, 5 Juni
Diski ya kompyuta imejaa, na ngome yenyewe ni faili tu, ila kubwa. Nimelihamishia faili la ngome kwenye sanduku la kuhifadhia data, lile la sebuleni. Kazi safi. Mkwe kapita, akauliza mzee anaatamia nini huko chini. Nikashusha shuka hadi sakafuni.

Alhamisi, 6 Juni
Umeme ulikatika alfajiri, ukarudi. Kompyuta ikaamka, ikaitafuta ngome. Faili la ngome liko sebuleni. Njia ya sebuleni inapita kwenye ngome. Ngome haijaamka.
Binti akaingia na blauzi ya usaili na kandambili, akiuliza intaneti iko wapi. Nikasema anipe dakika tano. Akaniuliza tangu lini dakika zangu tano zimekuwa tano. Mkwe alikwisha washa pikipiki. Usaili kaufanyia dukani kwake, kwa simu yake, magodoro yamepangwa nyuma hadi dari. Wakamuuliza kama anaishi bwenini.
Alirudi akakaa kitandani kwangu. Hakufoka, angefoka ningepumua. Alinishika mkono, akasema baba, nakuomba, usinisaidie tena.
Nikamwahidi.

Ijumaa, 7 Juni
Kapita! Usaili wa pili ni Jumatatu, kwa video. Mkwe anatembea kifua mbele, kana kwamba magodoro ndiyo yaliyojibu maswali. Anataka Jumatatu pia aufanyie dukani.
Haiwezekani. Nimefikiri sana na kosa nimeliona: ngome ilikuwa moja. Zinatakiwa mbili, kila moja kwenye kompyuta yake. Faili la ya kwanza litunzwe ndani ya ya pili, na la ya pili ndani ya ya kwanza. Zitalindana. Ahadi sijaivunja, niliahidi kuhusu ile moja.
Kompyuta ya pili nimeitoa kabatini. Kinachokosekana ni tundu la umeme, na kwa joto hili feni siwezi kuichomoa.
Muuguzi hutoka saa saba kwenda kula. Oksijeni itasubiri kidogo. Dakika tano tu.