Mwisho Nilioujua Peke Yangu Ukumbini

Jamani, leo nimejianika mwenyewe, tena kwa kipaza sauti.

Rafiki yangu Shomari, tuliyekua naye mtaani Mwembesongo, ametengeneza filamu. Kaipiga huku huku kwetu, mjini na kule juu Uluguru. Leo mchana ndiyo alikuwa anaizindua. Tatizo, wezi walishaivujisha mtandaoni. (Niliiona. Kwenye simu, nimejifunika shuka. Nikalia.)

Nimefika, ukumbi nusu mtupu. Shomari kanyong'onyea. Akaniambia watu wameshaitazama bure, na hali ikiwa hivi hatapiga nyingine. Nikawalaani wale wezi mpaka yeye ndiye akaanza kunituliza.

Nikakaa jirani na Bi Tausi, mkulima wa mboga kutoka mlimani, aliyeigiza kama mama. Nikamwamkia shikamoo, filamu ikaanza. Ilipokaribia kuisha, njaa ikaniuma. Mwisho si naujua? Nikanyata nje kufuata mishikaki.

Kurudi, taa zimewashwa, watu wanatoa maoni. Shomari kaniona, kanipa kipaza sauti. Nikasema (pilipili bado mdomoni) kwamba kilichonigusa ni pale mwishoni, mama anapomkumbatia mwanawe stendi.

Vichwa vyote vikanigeukia.

"Zuhura," Shomari akasema taratibu, "huo mwisho tuliufuta. Ilipovuja, tukapiga mwingine. Kwenye huu, mtoto harudi."

Bi Tausi akanivuta gauni.

"Mwanangu, nimepanda mlima na mvua, na goti langu hili bovu, ili tuupige huo mwisho mpya. Wewe ulikuwa wapi?"

"Nje, mama. Nakula mishikaki."

Wa kwanza kucheka alikuwa yeye. Ukumbi mzima ukafuata, hata Shomari. Kisha akatangaza kuwa jioni itaonyeshwa tena, na mlangoni atakayekaribisha watu ni mimi.

Basi nikazunguka mtaani nikiita majirani, kila nyumba nasimulia aibu yangu upya. Wamekuja wengi kuliko wa mchana, nusu yao kunitazama mimi. Shomari hakujali wamefuata nini, alikuwa anaongeza viti.

Safari hii nimekaa mpaka taa zikawaka. Mwisho mpya unaliza kuliko ule wa zamani, na siusimulii, nendeni wenyewe.

Na wewe unayecheka hapo, tuambie kwanza: filamu uliyoitazama juzi uliitoa wapi?