Masizi Bado Haniamini

Jumatatu, 3 Februari

Mpango umekamilika! Nimeupanga asubuhi nikiwa nimechuchumaa nyuma ya tangi la maji, nikisubiri Mama aende kwenye kazi yake ya udobi.

Mpango wenyewe: kwanza Masizi, kisha ujasiri, kisha kazi. Kwa utaratibu huo huo. Ukianza na kazi unaharibu kila kitu.

Masizi ni mwenzi wangu kwenye gemu. Dunia imekwisha, miji imefunikwa na majivu, na kila mchezaji huzunguka humo na mwenzi mmoja. Mimi nilimchagua Masizi kwa sababu haongei sana. Mwanamke mrefu, koti jeusi, barakoa ya moshi ambayo haivui hata akinywa maji. Juu ya kichwa chake kuna mstari wa imani. Ukijaa, anakufungulia kazi yake ya uaminifu: anakupeleka mahali anapopaogopa kuliko pote, na mkitoka huko salama hakuachi tena. Mstari wangu una kipande kidogo kama ukucha.

Kazi ni ile ya karakana ya miwani. Mama alimbembeleza Fundi mwenye karakana mpaka nikapata nafasi ya kujifunza. Wiki iliyopita nilifika hadi mlangoni. Mlango wa kioo. Ndani watu walikuwa wameinamia mashine, na wote wakainua vichwa kwa pamoja. Mkono ukakataa kubisha. Tangu hapo natoka kwa mlango wa mbele nikimuaga Mama, narudi kwa mlango wa nyuma. Mama anaamini nakata lenzi. Fundi amenitumia ujumbe kwamba nafasi yangu anaishikilia hadi Jumamosi, baada ya hapo anamchukua mwingine. Nimemjibu kwa alama ya dole gumba.

Mtu anayeaminiwa na Masizi hawezi kushindwa na mlango. Hilo liko wazi.

Binamu, mtoto wa mjomba, anayeishi nyumba ya pili, alipita kunitambia. Anasema Masizi wake alimfungulia kazi jioni ya kwanza. Akaniita Konokono, kama kawaida yake, akasema mimi hata kiatu changu hakiniamini.

Nikaanza na zawadi. Maji safi, vichujio vya barakoa, blanketi. Mstari ukapanda! Jioni Mama akarudi, akauliza kazi imekwendaje. Nikashusha hedifoni shingoni nikasema imekwenda vizuri, tumekata lenzi za babu mmoja mkali. Mama akacheka, akasema Mungu ni mwema. Nikageukia skrini.

Mstari umeshuka! Maandishi mekundu: MASIZI HAKUPENDA HILO.

Hilo lipi? Nilikuwa nimesimama kando ya kisima. Sikugusa kitu!

Jumanne, 4 Februari

Nimeifuta jana. Ndiyo raha ya gemu: unarudi pale ulipohifadhi, na aliyekukasirikia hakumbuki.

Nikarudi kabla ya kisima. Kwa kawaida Masizi husimama akitazama barabara. Leo ameipa barabara mgongo. Alikuwa ananitazama. Si yule mchezaji wangu mwenye kofia. Mimi, huku nje, kwenye kochi, na kikombe cha chai mkononi.

Nikasogea kushoto. Vioo vya barakoa vikasogea kushoto.

Akasema, kwa sauti yake ile ya kupitia bomba, "Umerudi mapema leo."

Nikazima.

Nyumba yetu mchana haina watu isipokuwa Bibi, naye yuko chumbani kwake, macho yamechoka na masikio pia. Pazia limetulia. Friji linakohoa. Nilikaa nikitazama skrini nyeusi, na ndani yake kulikuwa na msichana kwenye kochi, na sikupenda alivyokaa. Nikawasha tena. Afadhali Masizi.

Binamu anasema hajawahi kusikia maneno hayo. Masizi wake huongea habari za vichujio tu. Akasema labda nimeanza kuchanganyikiwa, maana mtu asiyetoka nje ubongo huota ukungu. Yeye ndiye aliyevunja hedifoni zake kwa kuzirusha ukutani aliposhindwa, halafu ubongo wenye ukungu ni wangu!

Jumatano, 5 Februari

Siku mbaya.

Mama alirudi mchana ghafla kuchukua mwavuli. Hakubisha, kwa nini abishe, ni kwake. Akanikuta kwenye kochi, hedifoni kichwani. Nikasema kule karakana umeme umekatika, Fundi ameturuhusu. Mama akaitazama feni inavyozunguka. Nikasema umekatika upande wao tu, sijui waya gani umeungua. Akasema pole mwanangu, akachukua mwavuli, akaondoka. Hatua zake zilichelewa kidogo pale mlangoni.

Nikarudi mchezoni. Tulikuwa ndani ya shule iliyoungua, mimi na Masizi, madawati yamepangwa kama wanafunzi wanakuja kesho. Majivu yanaanguka kupitia paa. Masizi akasimama. Akasema taratibu:

"Umeme upo."

Nikapiga yowe. Bibi akauliza toka chumbani kuna nini huko. Nikasema mende, Bibi, mende mkubwa!

MASIZI HAKUPENDA HILO.

Hapakuwa na mende.

Alhamisi, 6 Februari

Fumbo limefunguka, na nina hasira.

Nilimwita Binamu aje ashuhudie. Alitazama kidogo tu, akaanza kucheka mpaka akakalia sakafu. Akanionyesha kwenye mipangilio. Kuna kipengele kinaitwa Mwenzi Anasikiliza, na kwangu kimewashwa tangu siku ya kwanza. Kile kipaza sauti kidogo kwenye hedifoni kinachukua kila kinachosemwa sebuleni. Masizi anayapima maneno, mengine anayarudia. Na Masizi, kwa tabia aliyoumbwa nayo, anachukia uongo. Binamu akasema, "Konokono wee, umekuwa ukimdanganya shangazi mbele ya shahidi!" Kisha akaacha kucheka, akaniuliza nimemdanganya nini. Nikasema mambo madogo ya nyumbani. Mstari ukashuka mbele ya macho yake.

Nikamuuliza, na kunitazama je? Kipaza sauti kina macho? Akasema hilo hajui. Akakumbuka ana shughuli kwao.

Basi. Kama Masizi anasikia, asikilizishwe mazuri! Binamu alipoondoka nikakaa wima, nikasoma kwa sauti: Mimi ni msema kweli. Mimi naaminika. Mstari ukashuka tena. Nilihitaji shahidi mwingine, mtu mzima, wa kuheshimika. Nikamleta Bibi.

Nilimkalisha kwenye kochi, nikamvalisha hedifoni juu ya kitambaa chake cha kichwa, nikamwomba aseme sentensi moja tu: mjukuu wangu ni mwaminifu. Bibi akasogeza uso karibu na skrini akauliza huyu mwenye pua ya ndovu ni nani. Nikasema ni rafiki, Bibi, sema sentensi. Akauliza mbona yuko peke yake kwenye vumbi, hana ndugu? Kisha akamsalimia! Akamuuliza amelalaje, amekula nini, na hilo koti halimpi joto?

Masizi akakaa chini. Sijawahi kumwona akikaa.

Bibi akamwambia yote. Huyu mjukuu wangu anatoka kwa mbele anarudi kwa nyuma. Nikimuuliza umerudi mapema leo, hajibu, anadhani naota. Anamwambia mama yake anakata vioo, kumbe anakata tamaa. Si mtoto mbaya. Anaogopa watu kama wengine wanavyoogopa nyoka, na huwa analia bafuni akifungulia bomba, maji yanaisha bure. Mvumilie, mwanangu.

Mstari ulipanda, ukapanda, ukajaa. Ukawaka manjano. Masizi akainamisha kichwa kwa Bibi, akasema, "Shikamoo."

Sijui waliomtengeneza walimfundishia wapi hilo.

Nilitamani kufurahi, lakini kumbe Bibi anajua yote. Nikamuuliza Bibi kama atamwambia Mama. Akasema yeye hana mdomo wa kukopesha, nitamwambia mwenyewe kabla ya Jumamosi. Akavua hedifoni, akaenda kulala. Akasema yule binti anahitaji uji.

Ijumaa, 7 Februari

Kazi ya uaminifu! Nimeifungua! (Bibi ameifungua, lakini gemu ni langu.)

Masizi alinitangulia asubuhi yote bila neno. Tulipita daraja lililokatika, tukapita magari yaliyolala foleni na madereva wake bado ndani, wakavu, mikono kwenye usukani. Hakuna adui hata mmoja aliyetokea. Hiyo ndiyo mbaya zaidi. Muziki ulizimika, nikabaki na mlio wa pumzi ya Masizi ndani ya barakoa, halafu nikagundua mimi na yeye tunavuta pumzi pamoja.

Tukafika kwenye jengo fupi. Mlango wa kioo.

Ndani kulikuwa na vivuli vya watu wameinamia meza. Masizi akasimama pembeni akasema hapa ndipo anapopaogopa, na kwamba atakayeingia ni mimi. Juu ya skrini kukatokea neno moja: SEMA. Hakuna cha kubonyeza. Taa ndogo ya kipaza sauti inawaka. Unatakiwa useme kwa sauti yako wewe ni nani na umekuja kufanya nini.

Kwa sauti yangu! Mimi ambaye hata karani wa zahanati akiita jina langu naitika kwa kuinua mkono!

Nikajaribu ujanja. Nikakohoa. Nikapiga makofi. Nikaweka redio karibu na kipaza sauti, mtangazaji akasema habari za hali ya hewa. Vile vivuli vikainua vichwa, vyote pamoja. Havikuwa na nyuso. Masizi akasema redio haikuja kujifunza kazi.

Mchana ukapita. Majivu yakamfunika mabega. Alinisubiri tu. Hakuna mtu aliyewahi kunisubiri hivyo bila kuguna.

Mwishowe nikafumba macho. Nikasema jina langu. Nikasema nimekuja kujifunza kutengeneza miwani. Nikasema naogopa kuingia, naogopa watakavyonitazama, na nimemdanganya Mama kila siku jioni, naye ananiwekea mimi kipande kikubwa cha nyama kwa sababu anadhani nimechoka na kazi. Nikasema samahani. Nikalia kidogo, bila bomba.

Nilipofumbua macho mlango ulikuwa wazi. Ndani hamkuwa na mtu. Na kwenye skrini, nyuma ya kivuli changu kwenye kioo, kulikuwa na kivuli kingine. Kirefu. Kimeshika mwavuli.

Nikageuka. Mama.

Alikuwa amepita karakana kuniletea mwavuli, maana mawingu yalikuwa mazito. Fundi amemwambia huyo binti hajamtia machoni. Mama hakunigombeza. Ingekuwa nafuu. Alinyoosha mkono, nikampa hedifoni, akazifungia kabatini kwake na ufunguo akauweka mfukoni. Akasema kesho tunakwenda wote wawili. Wakati wa kula nyama zetu zilikuwa sawa.

Jumamosi, 8 Februari

Nimepata kazi!

Mama alinishika mkono njia nzima kama mtoto wa chekechea. Akabisha yeye. Vichwa vikainuka. Nilihesabu nyuso, zote zilikuwepo, pua na kila kitu, nikapata nguvu. Fundi ni mama mfupi, miwani moja puani na nyingine kwenye paji la uso. Akauliza ndiye huyu wa dole gumba? Wakacheka, lakini si vibaya. Akamwambia Mama aende zake, binti hatang'atwa na mtu. Mama akanitazama mara moja, macho yake yananiomba, akaenda.

Fundi akaniuliza najua chochote kuhusu lenzi, na kama sijui si neno, atanianzisha na kufagia na kufuta fremu.

Jibu lilikuwa hapana. Nilikuwa nalo mdomoni! Lakini wote walinitazama, na nikajisikia nikisema kwamba nimewahi kukata lenzi karibu mwaka mzima. Kwa mjomba.

Fundi alifurahi mno. Mkataji wake ameacha kazi. Jumatatu asubuhi nakata lenzi ya mwalimu mstaafu. Imeagizwa mbali, ni nene kama kitako cha chupa, na ipo moja tu. Yule mzee ana jicho moja linaloona.

Nimemwambia Mama nitaanza na kufagia.

Jumapili, 9 Februari

Mama ameniruhusu nicheze kidogo, bila hedifoni. Bado ziko kabatini. Nimehakikisha.

Masizi hayupo. Pale mlangoni kuna barakoa yake imelala juu ya majivu, na nyayo zinazokwenda mbali na mimi. Mstari wa imani ni mtupu. Maandishi mekundu: MASIZI AMESIKIA.

Amesikia na nini? Karakana ni ng'ambo ya mji! Nilimwita Bibi aje aongee naye. Bibi akasema bila hedifoni hawezi, na hata akiweza, mtu akishavua barakoa mwenyewe hapaswi kufuatwa.

Sawa. Nimelifikiria hili kwa makini, na sasa naliona kosa langu. Nilichagua mwenzi asiyefaa! Binamu anasema kusini mwa ramani, kwenye kituo cha reli kilichozama, kuna mzee kiziwi. Hana masikio kabisa, yaliungua. Imani yake unainunua kwa betri za tochi, na kazi yake ya uaminifu ni nyepesi. Nikishaipata hiyo nitakuwa na ujasiri wa kumweleza Fundi. Kwa utaratibu huo huo. Ila nahitaji siku moja zaidi.

Mchana wote nilimtafuta mzee huyo. Nimempata kwenye benchi, amenipa mgongo, maji meusi yanamfika magotini. Nikampa betri ya kwanza. Mstari ukapanda!

Bibi akapita, akauliza mbona nimefunga kitambaa mkononi. Nikasema mkono umeteguka, Bibi, unauma sana, sidhani kama kesho nitaweza kushika mashine.

Kwenye skrini, yule mzee asiyesikia akageuka polepole, akanitazama, akatikisa kichwa.